Lahani ya Filamu na Lahani ya Lamu: Zein l'Abdin katika Historia ya Utunzi wa Pwani ya Kenya

Wataalamu wa ushairi wa Kiswahili wamezoea kuutazama wimbo kwa jicho la msomaji. Hupewa karatasi, wakahesabu mizani, wakakagua vina, wakatafuta maana ya maneno ya Kiamu ambayo kamusi za Kiswahili sanifu haziyataji, kisha wakaona kwamba kazi imekwisha. Jina la mtunga maneno huandikwa juu ya shairi. Jina la mwimbaji, likitajwa, hutajwa kwa heshima. Jina la yule aliyekaa na chombo chake usiku kucha akitafuta sauti ya kuyabebea maneno hayo aghalabu halitajwi kabisa, kama kwamba lahani huota yenyewe juu ya shairi mithili ya ukungu juu ya ukuta wa matumbawe.

Katika nchi zenye viwanda vikubwa vya filamu, mtu wa namna hiyo ana cheo na jina lake huandikwa kwenye kitambaa cha sinema. Yeye hupewa picha zilizokwisha kupigwa, au hadithi iliyokwisha kuandikwa, naye akaitungia muziki. Kazi yake ni ya utumishi: hana budi kuufuata mwendo wa kitu kilichotungwa na mwingine, na papo hapo akitie roho ambayo hakikuwa nayo. Mtunzi wa lahani katika visiwa vya Lamu ni ndugu yake kwa kazi, ingawa si kwa mshahara. Yeye hupewa shairi badala ya picha. Makala haya yanakusudia kumtazama mmoja wa watunzi hao, Zein l'Abdin, na kuitazama kazi yake mahali ilipokutana uso kwa uso na muziki wa filamu. Mkutano huo ndio uliozua mabishano makubwa kabisa katika taarab ya pwani ya Kenya wakati wa nusu ya pili ya karne ya 20, na mabishano yenyewe yanaihusu lugha kama yanavyouhusu muziki.

Kabla ya filamu

Yafaa kuanza na neno. Leo mtu akisema "kinanda", msikilizaji wa bara hufikiria chombo cha kanisani chenye vibonye. Katika Lamu ya zamani kinanda kilikuwa chombo cha nyuzi, nacho ndicho pia kiitwacho gambusi au kibangala: kigogo cha mti kilichochongwa na kutobolewa tumbo, kikawambwa ngozi, kikatiwa nyuzi. Jina la chombo likawa jina la muziki wenyewe. Watu walikwenda kusikiliza kinanda kabla hawajajua kwamba wanakwenda kusikiliza taarab. Pamoja nacho palikuwapo gungu na vugo za arusi, palikuwapo twari, na juu ya vyote palikuwapo siwa, ile ya shaba ya Lamu na ile ya pembe ya Pate, ambazo hazikupigwa ila kwa jambo kubwa. Kwa hiyo si kweli kwamba muziki wa visiwa hivi ulianza siku meli zilipoleta udi kutoka Arabuni. Udi ulikuta nyumba yenye watu.

Mfano ulio bora wa mtunzi wa wakati huo ni Muhamadi Kijuma, aliyezaliwa Lamu katikati ya karne ya 19 na kufariki mwaka 1945. Wanazuoni wanamjua zaidi kwa hati zake. Nakala nyingi za tenzi zilizofika London na Hamburg zilitoka mkononi mwake, na watu kama William Hichens, Alice Werner na Ernst Dammann walimtegemea mno. Lakini Kijuma alikuwa pia mchongaji, mcheza ngoma, mtunga mashairi na mpiga gambusi. Tasnifu ya Mohamed Ibrahim Abou Egl iliyotolewa Chuo Kikuu cha London mwaka 1983, na kitabu cha Gudrun Miehe na Clarissa Vierke cha mwaka 2010, vimetuonyesha upana wa mtu huyo. Hata hivyo pana jambo moja ambalo hakuna tasnifu iwezayo kulirudisha. Maneno aliyoyaandika Kijuma kwa herufi za Kiarabu yamebaki, na uzuri wa mwandiko wake unavutia hata leo. Lahani alizozipiga hazikuandikwa, kwa kuwa herufi za Kiarabu huhifadhi neno wala hazihifadhi sauti ya uzi. Mtu yule yule, mkono ule ule: kazi ya kalamu imo maktabani, kazi ya vidole imekwenda.

Msiba huu hauna budi kukumbukwa wakati wa kupima yaliyokuja baadaye. Mwenye kulalamika kwamba lahani za kigeni ziliufukuza utunzi wa wenyeji anapaswa kwanza kujiuliza: utunzi huo ulikuwa umehifadhiwa wapi, na nani angeweza kujifunza kutoka wapi ila kwa kukaa karibu na mzee aliyeujua?

Filamu zaja na nyimbo zake

Mwaka 1928 Siti binti Saad na wenzake walivuka bahari kutoka Unguja hadi Bombay kwenda kuimba mbele ya mashine ya kunasia sauti. Hapana shaka kwamba safari hiyo ni ya fahari katika historia ya Kiswahili. Miaka mitatu baadaye, katika mji ule ule wa Bombay, ilitolewa Alam Ara, filamu ya kwanza ya India yenye sauti, nayo ilikuwa na nyimbo saba. Tangu hapo filamu ya Kihindi isiyo na nyimbo ikawa kitu cha nadra. Njia iliyompeleka Siti Bombay na sahani za nyimbo zikarudi nayo, ndiyo njia iliyoleta mikebe ya filamu Unguja, Dar es Salaam na Mombasa.

Filamu za Misri nazo zilikuwa zinakuja. Muhammad Abdel Wahab alitokea katika Al-Warda al-Bayda mwaka 1933. Umm Kulthum akafuata na Widad mwaka 1936. Jambo hili husahauliwa kwa makusudi na baadhi ya watetezi wa taarab ya "asili". Vyama vikubwa vya Unguja, vyenye safu za fidla, kodiani, kanuni na udi, viliiga sura ya bendi za Kairo, na bendi hizo zilijulikana Afrika Mashariki kwa sahani na kwa redio, lakini pia kwa sinema. Abdel Wahab alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu kwa maana kamili ya maneno hayo. Basi anayesema kwamba taarab ya Kiarabu ni safi na taarab ya Kihindi ni uchafu wa sinema, ajue kwamba zote mbili zimepitia mlango mmoja, na tiketi zilikatwa dirisha moja.

Mombasa ikawa mji wa sinema. Majumba kama Regal na Naaz yalijaza watu wa kila kabila, na wanawake wa Kiswahili walikuwa miongoni mwa watazamaji waaminifu kabisa. Awaara ya mwaka 1951, aliyoigiza na kuiongoza Raj Kapoor na kutungiwa muziki na Shankar na Jaikishan, na Mother India ya mwaka 1957, iliyotungiwa muziki na Naushad, zilipendwa Afrika Mashariki kupita kiasi. Watu hawakujua Kihindi, lakini walizijua nyimbo. Walitoka sinema wakivuma lahani, na lahani isiyo na maneno ni kama nyumba isiyo na mpangaji: lazima atatokea mtu aingie.

Aliyeingia kwa kishindo ni Mohamed Khamis Juma Bhalo, mzaliwa wa Mombasa mwaka 1942, aliyefariki mwaka 2014. Yeye na kikundi chake walichukua lahani za filamu za Kihindi, wakazitia mashairi ya Kimvita, na Bhalo akaimba kwa sauti iliyokuwa na vilio na mipindo yote ya waimbaji wa Bombay. Baadhi ya mashairi hayo yalikuwa ya Ahmad Nassir Juma Bhalo, jamaa yake, mmoja wa malenga wakubwa kabisa wa karne ile. Hili ni jambo zito. Wenye kumdharau Bhalo kwa sababu ya lahani zake husahau kwamba maneno aliyoyaimba yalikuwa Kiswahili cha kina, chenye mafumbo ambayo wasikilizaji waliyabishania barazani siku nyingi baada ya arusi kwisha. Wengine walifuata mkondo huo huo: Maulidi Juma aliimba kwa lahani za Kihindi na pia kwa ngoma za arusi za Kimijikenda na Kiswahili, na tashkota, chombo cha asili ya Kijapani kilichopitia India, kikawa sauti ya Mombasa.

Mzaliwa wa Lamu mjini Mombasa

Zein l'Abdin Ahmed Alamoody alizaliwa Lamu mwishoni mwa miaka ya 1930, katika nyumba iliyothamini sanaa za Kiswahili. Kazi yake kubwa, hata hivyo, aliifanyia Mombasa, na huko ndiko alikofariki mwaka 2016. Kuhama huko kulikuwa ni jambo la kawaida kwa Waamu wa kizazi chake. Mombasa ndiko kulikokuwa na bandari, mishahara, maduka ya sahani na, tangu miaka ya 1950, kituo cha redio cha Sauti ya Mvita kilichotangaza kwa Kiswahili na Kiarabu. Mwanamuziki aliyebaki kisiwani alipigia watu aliowajua. Aliyekwenda Mombasa alipigia mashine, na mashine ikampeleka hadi Mogadishu na Maskati.

Zein alifika katika mji ambao sikio lake lilikuwa limekwisha kuchukuliwa na sinema. Njia ya pesa ilikuwa wazi: kutazama filamu mpya Ijumaa, kuishika lahani, kumpelekea malenga Jumatatu, kuimba arusini juma linalofuata. Si kwamba Zein aliifunga njia hiyo kwa matusi. Aliishi na kufanya kazi katika mji mmoja na Bhalo na Maulidi, na wasikilizaji wao walikuwa wale wale. Ila sifa yake haikujengwa juu ya lahani za kuazima za Bombay. Ilijengwa juu ya udi. Waliompenda na wasiompenda walikubaliana kwamba Afrika Mashariki ilikuwa na wapiga udi wachache sana wa kulinganishwa naye, na jina lake lilivuka likajulikana katika nchi za Kiarabu, ambako udi si chombo cha mchezo.

Mambo mawili yanamtofautisha katika historia ya utunzi. La kwanza ni udogo wa jukwaa lake. Wakati vyama vya Unguja vilipokuwa vikijaza safu za fidla, Zein aliuacha udi utangulie na sauti ya mtu iufuate, na vyombo vingine vikae nyuma. Msikilizaji wa kanda zake hupambanua mara moja zile dakika za mwanzo ambapo udi husema peke yake, bila mapigo ya ngoma, ukipima maqamu kama nahodha apimavyo kina cha maji kabla ya kutia nanga. Maneno yakiingia, hukuta chumba kimekwisha kutengenezwa.

La pili, ambalo kwa wasomaji wa lugha ni kubwa zaidi, ni ushirika wake na Ahmad Sheikh Nabhany. Nabhany, mzaliwa wa Lamu mwaka 1927 aliyefariki mwaka 2017, hahitaji kutambulishwa. Yeye ndiye mtunzi wa Sambo ya Kiwandeo, utenzi juu ya jahazi la Lamu uliochapishwa Leiden mwaka 1979, na wa Umbuji wa Kiwandeo wa mwaka 1985. Yeye ndiye aliyetetea kwa maisha yake yote kwamba Kiswahili kina maneno ya kutosha ndani ya lahaja zake kabla ya kukimbilia lugha za ng'ambo, na "runinga" ni moja ya ushahidi wake uliokubalika. Nabhany na Zein walifanya pamoja kazi ya kufukua mashairi ya kale, mengine ya karne ya 19 au kabla yake, na kuyarudisha yaimbwe. Nabhany alileta maneno kutoka katika kumbukumbu za wazee na katika hati. Zein akayatafutia lahani.

Itazamwe kwa makini kazi hiyo ya pili. Shairi la kale lililookolewa na Nabhany lilikuwa katika hali ile ile ya mashairi yote ya hati za Kijuma: neno lipo, sauti haipo. Zein hakuweza kuirudisha lahani ya kwanza, na haikosi alijua kwamba hakuweza. Alilofanya ni kutunga upya, kwa sikio la mtu aliyelelewa na sauti za Lamu na kuzoezwa na udi wa Yemeni na Ghuba. Wapo watakaosema kwamba huo nao ni ugeni. Yawezekana. Lakini tofauti na lahani ya filamu, lahani hizo zilitungwa kwa ajili ya maneno hayo na si kwa ajili ya maneno mengine. Hapo ndipo ulipo ugomvi wote.

Mizani chini ya lahani

Katika desturi ya Lamu, shairi hutangulia. Malenga hutunga mishororo yake kwa mizani anayoijua, tuseme ya vipande viwili vya mizani nane nane, kisha mwenye sauti hutafuta mahadhi yatakayokaa juu yake. Katika studio za Bombay utaratibu ulikuwa mara nyingi kinyume: mtunzi wa muziki aliipiga lahani kwanza, na mtunga maneno akaketi kando yake akitafuta maneno ya kuijaza. Kwa hiyo lahani ya filamu inapofika Mombasa haiji peke yake. Inakuja na utaratibu wake. Malenga wa Kiswahili anayetungia lahani ya namna hiyo hugeuka kutoka kuwa mwenye nyumba akawa mpangaji. Hahesabu tena mizani ya baba zake. Anahesabu noti za Naushad.

Tuchukue kipande kilichobuniwa hapa kwa ajili ya hesabu tu: "mai ya bahari kuu, hayazimi nyota yangu." Kila upande una mizani nane, kina cha kati ni "u" na cha mwisho ni "ngu". Mtunzi wa lahani wa Lamu akipewa mshororo huu ana uhuru mkubwa. Aweza kuivuta "kuu" kwa pumzi nzima, aweza kupumzika baada ya kina cha kati, kwa sababu pumziko hilo limo ndani ya shairi lenyewe. Sasa tuseme lahani iliyokwisha kutungwa ina nafasi saba tu kabla ya pumziko. Malenga ataondoa nini? Akisema "mai bahari kuu", amepata saba na amepoteza kiunganishi. Maneno yamebaki kama mawe yasiyo na chokaa. Na ikiwa lahani ina nafasi kumi, ataongeza "ewe" au "jamani", au mwimbaji atavuta irabu ambayo haikustahili kuvutwa. Malenga hodari, na Ahmad Nassir alikuwa hodari kupita wengi, hupita katika tundu hilo la sindano bila kuchubuka. Malenga wa kawaida huchubuka, na masikio yaliyozoea nyimbo za kuazima huacha kuisikia damu.

Pana na jambo la lahaja. Neno "nyota" katika mfano huo kwa Mwamu ni kiu: maji ya bahari hayamalizi kiu yangu. Kwa msikilizaji wa Kiswahili sanifu, ni ile nyota ya mbinguni, na mshororo umegeuka kuwa majigambo. Shairi lililoandikwa huweza kutiwa maelezo chini ya ukurasa. Wimbo hauna ukurasa. Ni mtunzi wa lahani tu awezaye kumwongoza msikilizaji kwa kuishusha sauti penye huzuni na kuipandisha penye majivuno, na ni mwenye kuijua lahaja tu awezaye kujua pa kushusha. Vivyo hivyo kwa tofauti za matamshi ambazo Kiamu na Kimvita bado vinazo. "Kaa" la moto na "kaa" wa pwani hutofautiana kwa pumzi ndogo inayoandamana na konsonanti ya mwanzo. "Paa" la nyumba na "paa" wa mwituni vivyo hivyo. Pumzi hiyo ni nyepesi. Ikiangukiwa na pigo la ngoma, imekufa. Katika kanda za Zein ngoma aghalabu huliachia neno nafasi lianze kwanza, na mtu asiyejua sababu hudhani ni madaha ya mpigaji.

Haifuati kutokana na hayo kwamba lahani ya filamu ilikiharibu Kiswahili. Hukumu hiyo imetolewa mara nyingi, na imetolewa upesi mno. Kwanza, lahani hizo ziliwapa mashairi ya Kimvita wasikilizaji ambao wasingeyasikia kamwe. Kijana aliyevutwa na sauti ya filamu alijikuta amehifadhi beti kumi za mafumbo. Pili, ulazima wa kujaza lahani ngeni uliwafanya baadhi ya malenga wabuni bahari mpya, na ushairi wa Kiswahili haujawahi kukataa bahari mpya. Hasara ilikuwa mahali pengine. Palipokuwa na lahani tele za bure kila filamu mpya ilipoingia mjini, hapakuwa na sababu ya kijana kuketi miaka kumi akijifunza kutunga yake. Waimbaji walizidi, malenga hawakupungua, wapigaji walipatikana. Mtunzi wa lahani ndiye aliyekuwa haba.

Kanda, sahani na filamu za leo

Nyimbo za Zein zilienea kwa njia ile ile iliyoeneza za Bhalo. Maduka ya Mombasa, na Mbwana Radio Service likiwa maarufu kati yao, yalinakili kanda zilizorekodiwa studio na zilizorekodiwa arusini, na kanda hizo zikapanda mabasi na majahazi hadi Lamu, Faza na Siyu. Ughaibuni, kampuni ya Folkways ya Marekani ilitoa mwaka 1985 mfululizo wa sahani tatu za muziki wa Waswahili wa Lamu; mwaka 1990 GlobeStyle ya Uingereza ikatoa Mtindo wa Mombasa wa Zein Musical Party; na mwaka 1999 Dizim ya Ujerumani ikatoa The Swahili Song Book. Ni ajabu kidogo, na si ajabu ya kufurahisha, kwamba mwanafunzi wa leo atapata sauti bora ya udi wa Zein katika sahani za Ulaya kuliko katika maktaba za nchi yake.

Katika karne hii uhusiano wa filamu na pwani umegeuka. Zamani filamu zilikuja pwani na lahani zao. Sasa filamu hutoka pwani zikitafuta lahani. Ravneet Sippy Chadha aliitengenezea Lamu hadithi ya Subira, kwanza kama filamu fupi mwaka 2007, kisha kama filamu ndefu mwaka 2018, nayo Kenya ikaiteua kuiwakilisha katika tuzo za Oscar. Amil Shivji aliigeuza riwaya ya Shafi Adam Shafi, Vuta N'kuvute, kuwa filamu iliyoonyeshwa Toronto mwaka 2021 na kushinda tuzo kuu ya Carthage mwaka uliofuata, na ndani yake mwimbaji wa taarab Siti Amina anaigiza nafasi ya Mwajuma. Hizi ni filamu huru, zenye fedha chache, na waongozaji wake hawana nyuma yao kampuni yenye ghala la muziki. Mtunzi aitwaye katika kazi ya namna hiyo anakutana na swali la Zein likiwa limepinduliwa. Picha ya jahazi likiingia Lamu jioni imekwisha kupigwa. Aiwekee nini?

Jibu rahisi ni udi. Mtazamaji wa Nairobi au Berlin akisikia udi hujua kwamba yuko pwani, na mtunzi asiye na muda hutosheka. Lakini udi wa namna hiyo ni bendera tu, si muziki. Zein hakuupiga udi ili watu wajue ni pwani. Watu wake walikuwa pwani tayari. Aliupiga ili kipande fulani cha mizani nane kitue mahali fulani, kwa sababu ya neno fulani. Mtunzi wa filamu anayetaka kumfuata hana budi kuanza na yale wanayosema wahusika na jinsi Kiamu chao kinavyopanda na kushuka, kisha ndipo ashike chombo. Na akitaka kwenda nyuma zaidi ya udi, hadi kwenye kibangala, atakuta ugumu: chombo chenyewe sasa huonekana ukutani kuliko kusikika barazani.

Kwa watafiti wa lugha, kazi iliyo mbele ni ya mikono zaidi kuliko ya nadharia. Uzi wa sumaku ndani ya kanda huoza, na unyevu wa pwani huuozesha upesi. Kanda za studio zina nakala nyingi. Zinaweza kungoja kidogo. Za kuanza nazo ni zile za arusini, zenye vigelegele, vikombe na watoto wanaolia, maana humo wimbo mmoja husikika mara kadhaa kwa miaka tofauti, na mtu anaweza kusimama penye mshororo ule ule, neno lile lile, akasikia mahali ambapo Zein alibadilisha lahani, kisha akauliza ni silabi gani iliyomlazimisha.